Ratiba ya Japani ianzie kwenye sahani

Ukiomba viza ya utalii ya Japani, iwe Dar es Salaam au Nairobi, utajaza karatasi ya ratiba ya siku kwa siku: tarehe, unakokwenda, unakolala. Wengi huijaza mbio mbio ili waimalize. Mimi naithamini karatasi ile kuliko hata tiketi ya ndege, maana inakulazimisha uamue, ukiwa bado nyumbani, unafuata nini kwa watu.

Ratiba yangu ya kwanza ilikuwa na mahekalu kumi na moja kwa siku tatu, yote ya Kyoto. Niliifuta. Paa la mbao likifuatwa na paa la mbao, macho huchoka na moyo huacha kushangaa. Nikaanza upya kwa swali jingine: mahujaji wa hapa wanakula nini, na kwa nini? Swali hilo ndilo lililonipeleka Ise na mlima Koya, makazi ya watawa wa Kibudha, na ndugu yeyote anayejipanga kwenda namwambia hivyo hivyo: fuata mlo.

Hekalu ni la Wabudha. Pahala pa Washinto panaitwa jinja, litamke kama mji ule wa Uganda ingawa majina hayo hayana undugu. Kwa sisi tuliokulia pwani, jinja huielewi kwa kufikiria kanisa wala msikiti. Fikiria mzimuni: mti mkongwe uliofungwa kamba, maji, jiwe, na kitu kilichoachwa pale kwa heshima.

Ise, mkoani Mie, ndiyo jinja tukufu kuliko zote. Ina sehemu kuu mbili: Naiku, ya Amaterasu, mungu wa jua, na Geku, ya Toyouke, mungu wa chakula. Desturi ni kuanzia Geku. Wenye haraka huiruka, nao wanakosa kiini chenyewe, kwa sababu pale makuhani huandaa chakula cha miungu asubuhi na jioni, kila siku, kwa moto wa kupekecha: wali, samaki, mwani, mboga, chumvi, maji. Mchele unatoka shamba la jinja yenyewe na chumvi wanaitengeneza wenyewe. Kazi hiyo inahesabiwa miaka 1,500 hivi. Majengo nayo hujengwa upya kila baada ya miaka 20. Mara ya mwisho ilikuwa 2013, na zamu ijayo ni 2033. Ukienda Ise kutafuta mbao za kale hutazipata. Cha kale pale ni ujuzi wa mikono, wa kujenga na wa kupika.

Ukitoka Naiku, kula tambi za Ise. Ni nene, laini mno, zimelowa mchuzi mweusi wa soya. Wenyeji husema ziliwafaa mahujaji waliofika kwa miguu, wamechoka hadi tumbo. Kisha pita Akafuku, duka la tangu 1707: mchele wa kunata uliopondwa, juu yake maharage mekundu ya sukari yaliyofinywa kama mawimbi ya mto Isuzu, mto ule ule ulionawia mikono kabla ya kuingia.

Kwa safari ya namna hii usinunue pasi ya treni za JR, kundi la kampuni kubwa za reli za Japani. Oktoba 2023 ile ya siku saba ilipanda kutoka yeni 29,650 hadi 50,000, na haifanyi kazi kwenye reli ya Kintetsu ya Ise wala ya Nankai inayotoka Osaka kwenda Koya.

Koya lala siku mbili, siyo moja. Mahekalu yapatayo hamsini yanapokea wageni, na chakula cha jioni huletwa mapema, kama saa kumi na moja na nusu. Mimi nilikosa treni moja Osaka, nikafika trei zimeshaondolewa, nikalala na njaa. Usiku wa pili ndio nilioujua mlo wenyewe: hauna nyama, samaki, vitunguu wala kitunguu saumu, na supu yake ni ya mwani na uyoga. Muislamu atafarijika, lakini aandike mapema aulize kuhusu mirin, kiungo chenye kileo kinachotiwa kwenye michuzi mingi ya Japani.

Kilichonishika zaidi ni kipande kidogo laini kiitwacho goma-dofu, cha ufuta uliosagwa na wanga wa mzizi. Karibu ufuta wote wa Japani hutoka nje, na Tanzania ni miongoni mwa nchi zinazouuza huko. Nilikitafuna taratibu nikiwaza mashamba ya Lindi. Hakuna hekalu la dhahabu lililowahi kunisogeza karibu na Japani namna ile.

Kyoto ipe asubuhi moja, na iwe ya jinja ya Imamiya. Mlangoni kuna duka linalotajwa kuwapo tangu mwaka 1000, wanachoma vidonge vya mchele wa kunata kwenye vijiti kama mishikaki, juu ya makaa, kisha wanavimwagia mchuzi mtamu wa miso nyeupe, yaani soya iliyosagwa na kuchachushwa. Inatosha.

Siku ya mwisho Koya niliamka mapema, nikapita katikati ya mierezi na makaburi zaidi ya 200,000 hadi Okunoin, alikolazwa Kukai, mtawa aliyeanzisha makazi yale mwaka 816. Waumini wanaamini hakufa, yumo katika tafakuri. Saa nne na nusu watawa wakapita na sanduku jeupe la mbao mabegani, ndani yake chakula chake, kama wanavyofanya mara mbili kila asubuhi. Bibi mmoja kando yangu aliinama mpaka walipovuka daraja. Nikainama naye.