Cheo Kinaonekana na Wote Isipokuwa Payslipu

Ati nimepandishwa cheo. Muulize landilodi wangu pale Umoja, yeye ndiye shahidi wangu wa kwanza. Barua niliipokea asubuhi moja ya Januari 2022, na kufikia jioni alikuwa ameshaisoma, sijui kwa macho ya nani. Mwezi uliofuata kodi ikapanda. Mama mboga aliyezoea kunikatia sukuma ya shilingi 20 akaanza kukata ya 50 bila kuniuliza, kwa sababu "mabosi hawali kidogo." Shemeji yangu, ambaye tangu nioe dada yake hajawahi kunipigia simu kwa salio lake, siku hiyo alipiga, akaniita "mkubwa" mara tatu kabla ya kufika kwenye karo. Nairobi nzima imekiona cheo changu. Aliyekikosa ni mmoja tu: payslipu.

Mimi ni mtu wa masjala katika chuo kikuu kimoja hapa jijini. Sikitaji jina, wakili amenikataza, na kwa ninavyomjua, hata huko kukatazwa nitakulipia. Nilikuwa karani miaka 11. Barua ikasema sasa ni Afisa Mkuu wa Masjala, "pamoja na mshahara na marupurupu yanayoambatana na cheo hicho." Kazi yenyewe haikuchelewa. Siku hiyohiyo nilikabidhiwa funguo tisa, vijana wawili wa kusimamia, na lawama za kila faili iliyopotea tangu chuo kijengwe. Pesa ndizo zilizokwama njiani. Watu wa fedha wakasema Hazina haijaleta mgao, uliza ofisi ya wafanyakazi. Ofisi ya wafanyakazi wakasema uliza fedha. Nimepanda na kushuka zile ngazi hadi soli ya kiatu ikaomba likizo.

Na usidhani kompyuta ya mishahara inaumwa. Serikali iliposema ikate asilimia 1.5 ya mshahara kwa ajili ya nyumba za bei nafuu, ilikata. Oktoba 2024 bima ya afya ilipogeuka kuwa asilimia 2.75, nayo ikaingia ikajikalia, haikungoja kikao cha baraza wala mgao wa mtu. Ile kompyuta hesabu ya kutoa inaijua vizuri sana. Siku ya kufundishwa kujumlisha nadhani stima ilipotea.

Kwangu nyumbani ndiko kwenye kesi yenyewe. Mama Brayo anaamini pesa zinaingia, ila zina mtaa mwingine zinakoshukia. "Baba Brayo, mtu anapandishwa cheo miaka 3, hata sufuria moja?" Nikamwekea payslipu mezani. Akaniambia payslipu hata pale mjini River Road wanachapisha za bandia, na unachagua rangi.

Basi Desemba 2024 jamaa mmoja wa chama cha wafanyakazi akanishtua. Sheria ya Ajira ya 2007 inampa mtu miaka 3 kudai haki yake, ikipita umeshalala. Nikahesabu kwa vidole, nikaona nimebakiza wiki chache. Nilikimbia kwa wakili hata chai sijamaliza. Kesi ikafunguliwa katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, Milimani, nami nikateremka Gikomba kujitafutia tai ya kusimamia mbele ya jaji.

Kumbe siku hizi ni mtandaoni! Nilihudhuria kesi yangu nikiwa katikati ya kabati za faili, tai shingoni, ndara miguuni, simu nimeiegemeza kwenye gundi. Kesi za watu zikapita moja baada ya nyingine, jogoo wa mtu fulani akawika humo ndani, jaji akaomba mwenye jogoo azime kipaza sauti. Yangu ilipofika, ilitajwa. Kutajwa tu, kama marehemu kwenye tambiko. Wakili wa chuo akasema, "Mheshimiwa, mteja wangu hana kumbukumbu ya kumpandisha cheo mlalamishi. Tunaomba siku 21 tutafute faili yake."

Mheshimiwa akawapa. Mimi nikabaki nikiitazama ile faili. Ilikuwa hapo kwenye rafu, nyuma ya simu.

Jumatatu memo ikatua mezani kwangu. "Kwa: Afisa Mkuu wa Masjala. Tafuta kwa dharura faili ya mfanyakazi afuataye, kwa matumizi ya wakili wa chuo." Mfanyakazi afuataye ni mimi! Yaani ninolewe kisu, kisha niagizwe nikilete mwenyewe. Siku mbili baadaye ikaja ya pili, kali kidogo: "Afisa Mkuu wa Masjala, unachelewesha kesi." Sahihi ipo, mhuri upo, na cheo wasichokikumbuka wamekiandika mara mbili, tena kwa herufi nzito.

Faili niliwapelekea, kazi ni kazi. Lakini zile memo nilizipiga nakala tatu. Moja ya wakili wangu, ambaye alicheka hadi akasahau kunitoza dakika hizo. Moja ya mahakama. Ya tatu nikampelekea Mama Brayo.

Akasoma polepole. Akageuza nyuma. Akainua karatasi kwenye mwanga wa balbu, akafumba jicho moja.

"Na mhuri kama huu," akauliza, "River Road ni pesa ngapi siku hizi?"