Bei ya betri ya sola si gharama yake

Anayeuliza iwapo betri ya kuhifadhi umeme wa sola nyumbani ni ghali hujibiwa kwa bei ya dukani, na hapo ndipo hesabu inapoanza kupinda. Betri haizalishi umeme bali huutunza wa mchana utumike usiku, tena huurudisha pungufu: kwa lithiamu hupotea takriban asilimia 10, kwa betri za risasi na asidi karibu asilimia 20. Kinachonunuliwa hasa ni idadi ya uniti (yaani kilowati-saa) ambazo betri itazitoa kabla haijachoka, na kwa idadi hiyo ndiyo igawanywe gharama yote, pamoja na inveta (kifaa kinachogeuza umeme wa betri uwe wa kutumika nyumbani), nyaya na ufundi.

Tuchukue betri mbili zilizoandikwa kilowati-saa 10 kila moja. Ya risasi, aina aliyoivumbua Mfaransa Gaston Planté mwaka 1859, haipendi kushushwa chini ya nusu. Ikitunzwa vizuri huweza kuvumilia mizunguko kama 1,000 ya kuchajiwa na kutumika, yaani uniti 5,000 maisha yake yote. Ya lithiamu yenye chuma na fosfati inaweza kushushwa hadi ibaki asilimia 20 kwa mizunguko 4,000 au zaidi, ambayo ni uniti 32,000. Hata ikiuzwa mara tatu ya bei ya mwenzake, kila uniti yake hugharimu chini ya nusu.

Hesabu hiyo ina sharti moja ambalo wauzaji hulipitia haraka, nalo ni kwamba betri lazima itumike. Taa nane za wati 9 zikiwaka saa tano, televisheni ya wati 80 saa nne, na friji ya wastani kuanzia magharibi hadi alfajiri, jumla haizidi sana kilowati-saa 1.3. (Birika la umeme la wati 2,000, kwa dakika kumi tu, hula karibu sawa na taa zote nane jioni nzima, kwa hiyo maji yachemshwe mchana.) Kaya ya namna hiyo ikifungiwa betri ya kilowati-saa 10, sehemu kubwa ya fedha yake italala bure, na lithiamu huzeeka kwa miaka hata isipotumika. Kwa maoni yangu, kosa kubwa la wanunuzi ni kununua ukubwa kabla ya kupima matumizi ya usiku, kuliko kukosea aina.

Wanaoitilia shaka betri wana hoja nzito pale ambapo gridi haikatiki na shirika la umeme linahesabu kila uniti ya ziada ya mchana inayopelekwa kwenye gridi sawa na ile inayochukuliwa usiku. Hapo gridi yenyewe ndiyo ghala, na betri itachukua miaka mingi kurudisha fedha zake, kama itazirudisha. Lakini umeme wa ziada ukinunuliwa kwa bei ya kutupa huku wa jioni ukipandishwa, kila uniti iliyohifadhiwa huokoa tofauti hiyo. Na kwa anayewasha jenereta kila umeme unapokatika, mshindani wa betri ni mafuta, na mara nyingi mafuta hushindwa.

Wapo pia wanaoshauri kusubiri, kwa kuwa bei ya betri za lithiamu duniani imeshuka kwa zaidi ya asilimia 80 tangu mwaka 2010. Ushauri huo unamfaa mwenye gridi ya kuaminika, ambaye anaweza kufunga paneli sasa na inveta inayokubali betri baadaye. Mwenye jenereta husubiri huku akilipa. Njia ya kati ni kuanza na betri ndogo na kuongeza, ila nyongeza isicheleweshwe mno: betri mpya ikiunganishwa na kuukuu, ile kuukuu huivuta chini, na watengenezaji wengi huweka ukomo wa muda wa kuziunganisha, ambao husomwa kwenye waranti kabla ya kulipa.