Kenyemys si babu wa kobe wa nchi kavu

Makala yenu inamwita Kenyemys, kobe wa kale aliyebaki kama visukuku huko Turkana, babu wa kobe tunaowaona mbugani hapa Nairobi. Sivyo. Kobe hao huvuta shingo moja kwa moja ndani. Kenyemys ni wa kundi linaloikunja kando. Shingo ni nadra kubaki kwenye kisukuku, kwa hiyo geuza gamba la tumbo, utazame ndani ya mabamba mawili ya nyuma: kovu la nyonga iliyoshikana na gamba ndilo ushahidi kwamba ni wa kundi hilo. Mwaka 1983 aliwekwa Pelomedusidae, familia iliyokuwa kapu la kila kitu. Podocnemididae ilipotengwa kutoka humo kuwa familia yake yenyewe, akahamia huko. Ndugu zake walio hai wako Madagaska na Amerika Kusini. Na hiyo picha mmeweka kwenye makala ni ya kasa wa baharini, jameni.