Stephen Cook na NP-kamili: je, "gumu" maana yake halifanyiki?

Mwaka 1971 mwanasayansi wa kompyuta Stephen Cook wa Chuo Kikuu cha Toronto alithibitisha kwamba tatizo lolote ambalo jibu lake likishaletwa huhakikiwa upesi (kundi la NP) linaweza kugeuzwa kuwa swali moja: je, vigeu vya fomula hii ya mantiki vinaweza kupewa thamani (kila kimoja kweli au si kweli) zitakazoifanya iwe kweli? Tatizo la NP ambalo mengine yote ya kundi hilo hugeuzwa kuwa hilo huitwa NP-kamili, na hakuna njia inayojulikana ya kulitatua upesi kila mara. Leonid Levin wa Umoja wa Kisovieti aliyafikia kivyake matokeo ya aina hiyo, akayachapisha 1973.

Ugeuzaji wenyewe ndio ninaouona kuwa kito cha kazi hiyo. Chukua mashine ya Turing, yaani kompyuta ya kinadharia inayosoma na kuandika alama kwenye utepe hatua kwa hatua, inayohakiki jibu. Weka kigeu kimoja kwa kila sentensi ya namna hii: "katika hatua t, kisanduku i cha utepe kina alama s." Kisha andika vishazi, yaani masharti madogo yanayounda fomula, vinavyodai kila kisanduku kiwe na alama moja tu, hatua ya kwanza ilingane na data iliyoingizwa, kila hatua itokane na iliyotangulia, na ya mwisho ikubali. Fomula huwa ndefu, lakini urefu wake haupiti kiwango cha polinomia, yaani haujirudufu kila data inapoongezeka kidogo.

Wanaokosoa dhana kwamba tatizo la NP-kamili halifanyiki wana hoja nzito. Kujaribu michanganyiko yote ya vigeu 60, bilioni moja kwa sekunde, huchukua miaka 36 hivi; ila programu za leo za kutatua fomula hizi humaliza fomula za saketi za kielektroniki zenye vigeu laki kadhaa. Hukisia thamani moja, hufuata yanayolazimika, na zikigonga ukinzani hutafuta chanzo chake, huandika kishazi kipya cha kuuzuia usirudi, kisha huruka nyuma. Cook alipima hali mbaya kuliko zote, na saketi halisi haziko hivyo. Anayeacha kazi kwa kuwa tu tatizo lake ni NP-kamili ameisoma nadharia vibaya.

Lakini programu hizo zina manufaa mapana kwa sababu ratiba, saketi na mafumbo huweza kuandikwa kwa lugha hiyo moja ya vishazi, na aliyethibitisha kwamba inatosha ni Cook. Wala ugumu haukutoweka. Zipe programu hizo swali la njiwa 21 na vishimo 20, kila njiwa na chake: mtoto anaona haiwezekani, programu hukwama. Mtafiti Armin Haken alionyesha mwaka 1985 kwamba uthibitisho wa aina ambayo programu hizo huitegemea hapa hukua kwa kasi ya kipeo, yaani urefu wake huzidishwa tena na tena njiwa wanapoongezeka. Dawa ni kuongeza vishazi vinavyovunja ulinganifu wa njiwa (wote ni sawa, hivyo kuwabadilishana hakuleti jambo jipya), au kutumia programu inayojua kuhesabu.