Shimo Likawa Simu

Nianze na kaptula, maana aibu yangu ilianzia hapo.

Safari yenyewe ilikuwa ya baiskeli: watu kumi, mtembezaji mmoja mbele, kilomita 22 za njia za vumbi kupitia vijiji vitatu, ili sisi watu wa mjini tukajionee wenzetu wanavyoishi. Mke wangu alitaka ile ya kutembea kwa miguu. Nikamcheka. Mimi baiskeli nimeijua tangu nina miaka tisa, enzi za kupenyeza mguu katikati ya fremu kwa sababu siti siifikii. Mtu wa namna hiyo atembee? Nikalipia baiskeli mbili, na kwa kujikweza nikanunua na ile kaptula ya waendesha baiskeli, inayobana mapaja, iliyoshonewa godoro dogo la sifongo makalioni.

Asubuhi nikatoka bafuni nimeivaa. Mke wangu akanitazama muda mrefu kuliko ilivyo desturi ya watu waliooana miaka kumi na mmoja.

"Baba watoto," akasema polepole, "hilo godoro si la nyuma?"

Lilikuwa la nyuma. Nikarudi bafuni.

Baadaye nilikuja kujua kwamba kaptula hiyo huvaliwa bila kitu kingine ndani, kwa kuwa mishono ya chupi ndiyo inayochubua ngozi. Hilo niliambiwa na mtembezaji, mbele za watu, kwa ile sauti ya upole inayouma kuliko ukali.

Mtembezaji alikuwa kijana mwembamba, mtaratibu, anaongea kama mwalimu wa chekechea. Kabla hatujaondoka alitupanga mstari akatupa somo. Kaa kwenye siti, weka kisigino kwenye pedali iliyo chini kabisa. Mguu ukinyooka, siti iko sawa. Mikanda ya helmeti ifanye umbo la V chini ya sikio, na kidevuni papite kidole kimoja au viwili tu, si ngumi. Mtu asipigwe picha bila kuombwa ruhusa, kwa sababu tunakwenda nyumbani kwa watu, hatuendi mbugani. Na anayeona shimo mbele yake apaze sauti "Shimo!", kisha kila mmoja ampokeze wa nyuma yake hadi mkiani.

Halafu akaeleza habari za breki. Hizo sikuzisikia.

Wakati huo nilikuwa najipiga picha, mguu mmoja juu ya pedali, mikanda ya helmeti nimeilegeza ili mashavu yasijae. Kumbe ndipo aliposema kwamba kwenye baiskeli zao breki ya mbele iko mkono wa kulia. Na hapa ulimwengu haujakubaliana: Uingereza ya mbele huwa kulia, Marekani na Ufaransa huwa kushoto. Baiskeli niliyokulia nayo ya mbele ilikuwa kushoto. Kwa hiyo mkono wangu wa kulia ulikuwa umeishi maisha yake yote ukiamini kwamba kazi yake ni breki ya nyuma, ile ya upole, ambayo hata ukiibana kwa hasira itakuburuza tu kidogo.

Tukaanza. Kijiji cha kwanza sina la kusema, kilikuwa kizuri na mimi nilikuwa bado mtu wa heshima. Nilikuwa wa tisa katika mstari. Mbele yangu alikuwa mzee mmoja mnene, mcheshi sana hadi tulipofika kwenye mlima, hapo akaacha ucheshi akabaki kuhema kama mivukuto ya mhunzi. Nyuma yangu, mkiani kabisa, alikaa mke wangu. Alisema anapenda kukaa mahali ambapo ataona kila kitu.

Baada ya mlima ukaja mteremko. Mkono wa kulia wa njia kulikuwa na bwawa, limefunikwa majani madogo ya kijani juu, utadhani zulia. Kando yake nyumba, bibi mmoja ameketi mlangoni, na bata wake wanazunguka. Nikawaza, naam, haya ndiyo maisha ya kijijini. Nikaacha pedali, nikaiachia baiskeli ishuke yenyewe.

Mtembezaji akaliona shimo. Akafanya kama alivyotufundisha: "Shimo!" Nikasikia neno linakuja mstarini, "Shimo!", "Shimo!", linapokezwa vizuri kabisa kutoka kinywa hadi kinywa, likafika kwa yule mzee. Naye, Mungu ambariki, pumzi alikuwa ameiacha mlimani. Akajitahidi. Kilichomtoka kikawa, "Si... mu!"

Simu!

Nikajua nimeidondosha. Mkono wa kushoto ukaacha usukani wenyewe, ukaenda mfuko wa nyuma wa fulana kupapasa. Simu ilikuwepo. Nikafurahi. Furaha hiyo ilidumu kiasi cha kuinua macho na kuliona shimo, ambalo kwa sasa nalikumbuka kama kisima.

Mkono uliobaki usukanini ulikuwa wa kulia. Ukafanya kazi yake kwa uaminifu wa miaka thelathini. Ukabana.

Hapa lazima niseme kidogo juu ya kuruka. Miaka ya 1870 kulikuwa na baiskeli zenye gurudumu kubwa mno mbele na dogo nyuma, mwendeshaji akikaa juu kama kuku kwenye paa, na kurushwa kichwa mbele lilikuwa jambo la kawaida kwao. Mwaka 1885 Mwingereza John Kemp Starley akaleta baiskeli yake ya Rover, magurudumu yanayokaribia kulingana, mnyororo unazungusha la nyuma, na watu wakapumzika kuruka. Zaidi ya karne nzima wamepumzika. Mimi nikaurudisha mchezo.

Sikumbuki kuipita siti wala usukani. Ninachokumbuka ni kuona anga, kisha kijani, kisha sioni. Maji yalikuwa ya kiunoni, matope ya magotini, na bata wote wa pale wakatoka kila mmoja kwa njia yake wakinitukana kwa lugha yao.

Nikasimama. Majani ya bwawa kichwani, puani, na sikio moja limeziba. Bibi ameshafika ukingoni, fimbo mkononi. Katika hali ile adabu ndiyo kitu pekee nilichokuwa nimebakiwa nacho, nikaitumia.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Umekuja kuoga?"

Juu njiani msafara ulikuwa umesimama. Mtembezaji alishuka mbio, akanikagua mikono, shingo na meno, akaona nimevunjika hadhi tu. Alipohakikisha, akageukia wenzangu akaendelea na somo, mimi nikiwa mle mle majini kama kielelezo. "Mnaona? Ukifunga breki, uzito wa mwili unasogea mbele, gurudumu la nyuma linakuwa jepesi. Breki ya mbele ndiyo yenye nguvu zaidi, haina ubaya, ila unaibana taratibu, unasogeza makalio nyuma, na mikono yote miwili iko usukanini." Wakatikisa vichwa. Mzee mnene akauliza kwa nini nilikuwa nashika mkono mmoja. Sikumjibu. Mpaka leo hajui.

Watoto walikuwa wameshajaa ukingoni, sijui hutokeaga wapi. Mmoja, wa miaka sita hivi, akapaza sauti: "Mjomba, rudia!" Wenzake wakapokea kwa makofi: "Rudia! Rudia!" Na kijana mmoja mwenye simu akajipenyeza mbele, akainama kwa heshima zote. "Samahani, kaka. Naomba ruhusa nikupige picha."

Mtembezaji akanitazama. Ningesemaje? Nikampa ruhusa. Mke wangu, ambaye alikuwa anarekodi tangu mteremko ulipoanza, hakuomba.

Nikadhani yameisha. Nikaanza kutoka majini. Fimbo ya bibi ikanizuia kifuani.

"Vifaranga vyangu vilikuwa kumi na vinne," akasema. "Naona kumi na vitatu."

Akahesabu tena, kwa fimbo, mmoja mmoja. Kumi na vitatu. Akahesabu mke wangu. Kumi na vitatu. Bibi akasema hana ugomvi na mtu, baiskeli zipite tu, wageni karibuni sana, ila huyu aliyeoga atabaki hadi kifaranga wake apatikane. Hakupandisha sauti hata kidogo. Nikageuka, nikarudi ndani.

Ratiba yetu kwa saa hiyo ilikuwa imeandikwa "kujionea maisha ya kijijini". Wenzangu walikaribishwa kivulini. Mimi nilipapasa matete kwa dakika arobaini. Nilijifunza kwamba bata mama akikasirika hamuogopi mtu mwenye kaptula ya bei ghali. Nilijifunza pia kwamba sifongo hunywa maji: kila nikiinama godoro linavimba, kila nikikaa kupumzika linajikamua, likitoa sauti ambayo watoto waliisubiri kila mara kwa utulivu, wakaizidishia sifa.

Helmeti sikuwa nayo. Ilinitoka hewani, kwa sababu ya ile mikanda niliyoilegeza kwa ajili ya mashavu. Ndipo mtoto yule wa "rudia" akanyoosha kidole upande wa pili wa bwawa. Helmeti yangu ilikuwa inaelea chali, inasukumwa na upepo polepole kama mashua ndogo. Ndani yake, amekunja miguu, macho nusu amefumba, kifaranga wa kumi na nne anakula upepo.

Niliivuta kwa mikono miwili kama nabeba yai. Bibi akamtoa, akampuliza, akamrudisha kwa mama yake. Kisha akanipa helmeti yangu. Kifaranga alikuwa ameacha kitu ndani. "Hiyo ni asante," bibi akasema, na hapo ndipo kwa mara ya kwanza nikamwona anacheka, hadi fimbo ikamtoka.

Gurudumu la mbele la baiskeli yangu lilikuwa limepinda kama namba nane, haliwezi kupita hata kwenye uma. Mjukuu wa bibi akajitolea kunibeba kwenye karieri ya baiskeli yake, baiskeli nzito ya chuma, breki zake ni soli ya kandambili. Ndivyo nilivyoingia kijiji cha tatu: nimekaa upande, miguu inaning'inia, nimeshika kiuno cha mtoto wa miaka kumi na tano, na kila tukiruka jiwe godoro linatema maji njiani. Ila niseme ukweli, kwenye vile vyuma vya karieri ile kaptula ilinirudishia pesa yangu yote.

Miezi kadhaa baadaye mwenzake mke wangu wa kazini alikwenda safari hiyo hiyo, akaja kwetu kutusimulia. Alifurahi sana. Akasema mtembezaji ni makini ajabu: anapita kwa kila mtu mmoja mmoja kumgusisha mkono kwenye breki ya mbele, anavuta mikanda ya helmeti mwenyewe, na ameagiza kwamba ukiona shimo usiseme shimo, useme "Korongo!"

"Nikamuuliza kwa nini, akasema tumuamini tu."

Mke wangu akainuka ghafla, akasema ameacha kitu jikoni.

"Na kuna mahali kwenye mteremko," mgeni akaendelea, "pana bwawa la bata. Tulipopita, watoto wakajipanga ukingoni wote, wanapiga makofi, wanatuimbia 'Rudia! Rudia!' Kuna bibi mmoja hapo, akasimama akaanza kuhesabu bata wake. Shemeji, hivi walikuwa wanataka turudie nini?"

Kutoka jikoni nikasikia sufuria inaanguka.

Nikamwambia sijui.