Kampuni inakua, sawa, lakini pesa ya kukulia inatoka wapi?

Kila bei za hisa zikianza kupanda kule Nairobi, huku kwetu Mombasa magrupu ya WhatsApp ya vyama vya akiba yanajaa swali moja tu, jamani ninunue gani hiyo itapanda sana? Mimi naona hilo swali limekaa vibaya kabisa, na linaunguza pesa za watu waliozitafuta kwa jasho bandarini na sokoni Kongowea.

Kampuni ya ukuaji ni ile mauzo na faida yake yanaongezeka haraka kuliko wenzake, na ile faida haikugawii sana, inairudisha ndani ifungue soko jingine, ijenge tena. Kwa hivyo ukinunua hisa zake usikae kungoja mgao wa kila mwaka, unangojea thamani ipande, na hapo katikati utaona mambo. Amazon, lile duka la mtandaoni la Marekani, iliingia soko la hisa 1997 kwa dola 18 na mpaka sasa haijawahi kulipa mgao, faida yake ya kwanza ya mwaka mzima ilikuja 2003, na kabla ya hapo hisa ilikuwa imeshaporomoka zaidi ya asilimia 90 kutoka kilele chake. Aliyevumilia kafaidi, wallahi. Lakini kampuni nyingi zilizovuma pamoja nayo miaka ile zilikufa, na hizo hatuzitaji tena.

Sasa tuje nyumbani. Watu wa Kaloleni na Mariakani wanakijua kile kiwanda cha simiti cha ARM Cement. Kampuni iliingia soko la hisa 1997 ikiitwa Athi River Mining, ikakua, ikakua, ikawa kipenzi cha wawekezaji, wakajenga na kiwanda kikubwa Tanga, na mwaka 2014 hisa moja ilikuwa inauzwa zaidi ya shilingi 80. Ukiangalia kutoka nje hiyo ndiyo kampuni ya ukuaji haswa, si ndio? Lakini ule ukuaji ulikuwa umejengwa kwa mikopo, mingi yake ya dola, halafu Dangote, yule tajiri wa Nigeria, akafungua kiwanda chake cha simiti Mtwara 2015 bei ya simiti Tanzania ikashuka, shilingi nayo ikadhoofika, riba haingoji mtu, hasara zikafuatana, na Agosti 2018 kampuni ikawekwa chini ya wasimamizi, hisa zikasimamishwa na hazikurudi tena. Viwanda vikauzwa. Mwenye hisa ndiye wa mwisho kwenye foleni, baada ya mabenki na wote wanaodai, kwa hivyo kwake hakubaki kitu. Lakini Bamburi, kampuni nyingine ya simiti, ambayo watu walikuwa wanaiona ya wazee, haina mbio, ilinunuliwa na Amsons ya Tanzania mwisho wa 2024 kwa shilingi 65 kwa hisa.

Ni kama mwenye tuktuk moja hapa mjini anayeweka faida mpaka anunue ya pili, na jirani yake aliyechukua nne kwa mkopo siku moja. Mwaka wa kwanza yule mwenye nne ndiye anaonekana ameendelea.

Benki ya Equity ilikua kwa njia nyingine. Ilianza 1984 Murang'a, kufika 1993 kwa hesabu za vitabu ilikuwa imefilisika, ikageukia watu wadogo ambao mabenki makubwa hayakuwataka, ikawa benki 2004 na ikaingia sokoni 2006. Ukuaji ule uliletwa na wateja, unaweza kuwahesabu. Hiyo ndiyo tofauti ninayoitaka watu waitafute kwenye ripoti: si ule ukurasa wa mbele wenye picha nzuri, nenda pale wanapoonyesha pesa taslimu iliyoingia na iliyotoka, maana faida ya kwenye karatasi inaweza kuwa ni mauzo ya deni ambayo hayajalipwa. Kama biashara yenyewe haileti pesa za kutosha na bado wanajenga, uliza nani anaziba lile pengo na kwa riba gani.

Na hata kampuni iwe nzuri vipi, bei uliyonunulia inakuhusu sana. Safaricom iliuzwa kwa umma 2008 kwa shilingi 5, mwaka uliofuata ikawa chini ya 3 na watu wakauza kwa hasira, 2021 ikapita 40. Kwenye 40 ulikuwa unalipa zaidi ya mara 20 ya faida ya mwaka kwa kila hisa, yaani ushalipia ukuaji wa miaka mingi ambao haujafika. Ikaingia Ethiopia, gharama zikawa kubwa, wawekezaji wa nje wakauza, 2023 ikashuka chini ya 15. M-Pesa yake ilikuwa inaendelea kufanya kazi vizuri tu siku zote hizo.

Pesa ya ada ya Januari isiingie huku kabisa, wala ya matibabu ya mzee. Na kwa vyama, tusinunue kwa sababu ya voisi ya mtu kwenye grupu. Ripoti ziko bure kwenye tovuti za kampuni zenyewe, na hakuna chama kinachokosa mtu mmoja anayejua hesabu, basi apewe muda asome za miaka mitano aje awaeleze wenzake kabla ya mtu yeyote kumpigia broka.