Sofa ya Loriot na kanda za baba mdogo

Kila Desemba, kwenye nyumba ya wazee ninakofanya kazi hapa Bremen, Ujerumani, kuna jioni moja ambayo hakuna anayetaka kulala mapema. Tunawasogeza ukumbini na viti vyao vya magurudumu, tunawasha runinga, na Loriot, mchekeshaji wa Kijerumani, anatokea kama babu anayelalamika kwamba mti wa Krismasi siku hizi haupambwi kama zamani. Kipindi hicho ni cha mwaka 1978. Bibi mmoja anayesahau jina langu kila asubuhi huyatamka maneno ya yule babu kabla hayajatoka kwenye runinga.

Loriot, jina lake halisi Vicco von Bülow, alianza na vibonzo. Mwaka 1953 jarida la Stern lilivikatisha kwa sababu wasomaji walikasirika kuona mbwa wakiwafuga binadamu. Baadaye akaingia kwenye runinga, na kati ya 1976 na 1978 akatengeneza hapa kwenye kituo cha Radio Bremen vipindi sita tu, akicheza na mwigizaji Evelyn Hamann. Aliongoza opera pia. Filamu yake ya kwanza ya sinema, aliyoiandika, kuiongoza na kuicheza mwenyewe, ilitoka akiwa na miaka 64. Alifariki 2011. Sanamu ya shaba ya sofa aliyokuwa akikalia kwenye vipindi hivyo sasa iko nje ya kituo hicho.

Nikipita pale nikitoka zamu ya usiku, namkumbuka baba mdogo kule Tanga. Aliigiza michezo ya redio kwa sauti nne: ya mzee, ya mlevi, ya mtoto na ya mke mkubwa. Sauti ya mke mkubwa ikianza, bibi yangu aliweka ungo chini. Kanda za michezo hiyo zote zilirekodiwa vitu vingine juu yake. Baba mdogo alipougua, tulichangishana.

Nakataa kabisa maneno kwamba Wazungu wanawapenda wasanii wao kuliko sisi. Mzee Majuto, mchekeshaji wetu, alikuwa akikodoa macho tu, kibanda umiza kizima cha kuonyeshea video kinaangua kicheko. Mapenzi tunayo. Wenzetu wameweka utaratibu. Tangu 1983 msanii aliyejiajiri hapa analipa nusu tu ya michango yake ya bima ya afya na pensheni. Nusu nyingine inatoka serikalini na kwa kampuni zinazotumia kazi za wasanii. Kila kaya, yangu ikiwemo, inalipa euro 18.36 kwa mwezi kwa ajili ya redio na runinga za umma. Kwetu mara nyingi msanii analipwa mara moja, kazi inazunguka miaka ishirini, yeye hapati kitu. Hilo linarekebishika, na mikataba ndiyo pa kuanzia.

Ila kicheko kikiisha, wazee wangu hurudishwa kila mmoja chumbani kwake, mlango unafungwa. Baba mdogo alifia kwenye nyumba iliyojaa watu. Wiki moja kabla, akiwa mkekani, wajukuu walimwomba sauti ya mke mkubwa, akaitoa. Nilikuwa likizo, nikamrekodi kwa simu: dakika mbili na sekunde kumi.